Mlipe Kwanza Asiyekuwepo

Agosti pale Ilembo, mjini Mpanda, si mwezi wa kufanyia maamuzi ya ajira. Mpunga wa Kakese na Mwamkulu unaingia mjini kwa trekta, kwa Canter, kwa pikipiki zilizobebeshwa mpaka dereva haonekani. Mashine za kukoboa zinaunguruma tangu alfajiri, vumbi la pumba limetanda hadi kwenye mabati ya jirani. Mwenye mashine yuko mlangoni, simu sikioni, kalamu mkononi, na huku anabishana na mtu wa mizani anajiambia moyoni: nahitaji mtu mkubwa wa kunisaidia. Meneja aliyekomaa. Au mhasibu aliyesoma. Au fundi mkuu wangu mwenyewe, badala ya yule anayeitwa kutoka Sumbawanga. Na kwa kuwa noti zinapita mikononi mwake kutwa nzima, anajijibu palepale kwamba uwezo wa kumlipa anao.

Namwandikia huyo, na wenzake wa duka la vifaa vya ujenzi, gereji, pembejeo, mgahawa na zahanati binafsi, popote Manispaa ya Mpanda na Katavi yote kwa jumla. Swali la kumudu mwajiriwa wa ngazi ya juu halijibiwi na Agosti. Linajibiwa na Februari, tena kwa fedha taslimu iliyotengwa, si kwa hesabu za kichwani.

Mkoa wetu una msimu mmoja wa mvua, kuanzia Novemba hivi hadi Aprili, na pesa ya mjini inafuata jembe. Wakulima wa mahindi, mpunga, alizeti na karanga wanavuna na kuuza katikati ya mwaka. Wa tumbaku wanasubiri masoko ya vyama vyao vya ushirika, AMCOS, yafunguliwe na benki ilipe. Watu hao wakiwa na fedha, fundi seremala ana kazi, duka la mabati lina foleni, mama lishe anaongeza sufuria. Ikifika Januari ni ada za shule, mbegu na mbolea. Februari mkulima yuko shambani anapalilia, na mjini kila mtu anauza kwa mkopo. Mashine iliyokuwa haizimwi Agosti inawashwa kwa zamu, mara nyingine kwa ajili ya debe mbili za mama mmoja.

Si kila biashara ina msimu huo. Duka la pembejeo linauza zaidi mvua zinapoanza na kulala wakati wengine wanahesabu pesa. Mwenye gesti na mwenye zahanati wana kalenda zao. Kwa hiyo Februari ninayoizungumzia inaweza kwako ikawa Julai. Itafute kwenye daftari: mwezi ambao fedha iliyobaki, baada ya kulipa umeme, kodi ya pango, vibarua na mzigo, ilikuwa ndogo kuliko miezi yote ya mwaka uliopita. Kama daftari lenyewe halipo, ushauri wangu kwako unaishia hapa kwa sasa. Nunua kauntabuku, andika miezi 12, na ukiajiri mtu, awe karani wa kuandika. Meneja wa mshahara mkubwa atakayekuja kwenye biashara isiyo na kumbukumbu atatumia nusu mwaka kuuliza maswali ambayo wewe mwenyewe huna majibu yake, huku ukimlipa.

Kabla ya kugusa mshahara wa mwingine, gusa wako. Wafanyabiashara wengi wadogo hawajilipi, wanachota. Leo elfu 30 ya mboga na vocha, kesho laki mbili za msiba, Januari ada ya watoto watatu. Faida inayoonekana Agosti mara nyingi ni ujira wa mwenye biashara ambao haujachotwa bado. Jiwekee mshahara, hata kama ni mdogo, uuingize kwenye gharama, ndipo uangalie kinachosalia. Nimeona hesabu zikigeuka papo hapo kwa hatua hii peke yake: biashara iliyodhaniwa ina nafasi ya meneja ikakutwa haina nafasi hata ya mwenyewe.

Sasa gharama. Hapa ndipo watu wanapopotezana bila kukusudia. Mmeongea na kijana kwenye simu, ana uzoefu wa miaka 8, anataka laki nane. Wewe umesikia mshahara wa 800,000. Yeye amemaanisha laki nane mkononi.

Tuanze na ulivyosikia wewe. Mshahara ni 800,000. Mchango wa NSSF ni asilimia 20, kwa kawaida mnagawana nusu kwa nusu, kwa hiyo yeye anakatwa 80,000 na wewe unaongeza 80,000. Kodi ya mshahara, PAYE, haigusi 270,000 za kwanza, kisha inapanda kwa ngazi kutoka asilimia 8 mpaka 30. Baada ya kutoa mchango wake wa NSSF, huyu anakatwa 60,000. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, unadai asilimia 0.5 ya mshahara, na hiyo ni yako peke yako: 4,000. Yeye anapokea 660,000, wewe unatoa 884,000. Ongeza vocha, mafuta ya pikipiki, na malipo ya mtu wa kushika nafasi akiwa kwenye siku zake 28 za likizo ambazo sheria inampa kila mwaka; usishangae ikifika milioni moja kwa mwezi.

Tugeukie alivyomaanisha yeye. Ili 800,000 zimfikie mkononi, mshahara wenyewe lazima uwe kama 1,004,000, na kwako inafika karibu 1,110,000 kabla ya vocha na mafuta. Tofauti ni zaidi ya laki mbili kila mwezi, kwa mwaka inapita milioni 2.7, na imetokana na maongezi ya dakika tano ambayo hakuna aliyeuliza kama ni kabla au baada ya makato. Uliza. Kisha iandikwe.

Kuna tozo nyingine inayojificha. Mwajiri mwenye wafanyakazi 10 au zaidi analipa tozo ya maendeleo ya ufundi stadi, SDL, ambayo sasa ni asilimia 3.5. Ukiwa na 9, huyu mkubwa akawa wa 10, haihesabiwi kwenye mshahara wake tu. Inahesabiwa kwenye mishahara ya wote. PAYE na SDL zinatakiwa TRA kabla tarehe 7 ya mwezi unaofuata haijapita, na Sheria ya Fedha ya kila mwaka inaweza kubadili viwango, kwa hiyo pita ofisini kwao hapo Mpanda uthibitishe kabla hujatoa ahadi.

Jambo jingine ambalo wahasibu wa mitaani hawalisemi: mfanyabiashara binafsi ambaye mauzo yake ya mwaka hayazidi milioni 100 kwa kawaida anatozwa kodi ya mapato kwa kuangalia mauzo, si faida. Maana yake mshahara utakaolipa haukupunguzii kodi hata senti. Aliyevuka kiwango hicho anapeleka hesabu zilizoandaliwa na mhasibu aliyesajiliwa, na huko mshahara ni gharama inayopunguza faida ya kutozwa. Kwa hiyo watu wawili wa mtaa mmoja wanaweza kumlipa meneja fedha ileile na mmoja akaumia zaidi ya mwenzake.

Turudi kwenye mashine ya kukoboa, tukadirie gharama ya milioni moja kwa mwezi. Tuseme katika kila kilo ya mpunga, baada ya kuondoa umeme, vipuri na posho ya vibarua, inabaki shilingi 40. Weka tarakimu yako, hii ni ya mfano. Milioni moja ikigawanywa kwa 40 ni kilo 25,000, yaani gunia 250 za kilo mia. Kwa siku 26 za kazi ni karibu gunia 10 kila siku. Gunia za ziada hizo, mbali na zile unazokoboa hata bila yeye. Lakini Februari mpunga haupo, hata uajiri malaika. Basi miezi sita ya neema lazima ibebe mwaka mzima, na hesabu inakuwa gunia 19 au 20 za ziada kwa siku.

Simama hapo uangalie mashine yako. Kama Agosti inafanya kazi kuanzia alfajiri mpaka usiku na bado magunia yamelala nje, meneja hataongeza hata gunia moja, kwa sababu kilichojaa ni mashine. Fedha ya kumlipa mwaka mmoja, milioni 12, ingeweza kuwa sehemu nzuri ya bei ya mashine ya pili. Kama mashine inakaa bure saa nne kwa siku hata katika msimu, hapo kuna jambo la kumpa mtu: kutafuta wateja, kupanga foleni, kufuata mpunga vijijini.

Njia nyingine ya mwajiriwa mkubwa kujilipa ni kuziba matundu. Chenga na pumba zinauzwa na nani, na pesa yake inaandikwa wapi? Mali kauli imefika kiasi gani, na nani amepita siku 60? Mizani ilipimwa lini? Kaa wiki mbili uandike kila shilingi inayovuja na kila saa unayopoteza, bila kumwambia mtu. Mara nyingi utakuta ugonjwa una jina lake, na jina hilo si upungufu wa meneja.

Nitoe mfano mmoja unaojulikana na kila aliyekaa kwenye benchi la mashine. Saa nne asubuhi, katikati ya Julai, harufu ya mpira ulioungua inasikika kabla ya mlio. Beringi imekwama, mkanda umeteleza na kukatika. Vijana wanazima mota. Fundi anapigiwa simu, yuko kwenye kazi nyingine, atafika kesho kutwa. Wenye mpunga wanakaa kivulini saa moja, mbili. Saa saba mmoja anaita bajaji ya mizigo, anahamisha gunia zake kwenda mashine ya mtaa wa pili, na wengine wanamfuata. Mashine iliyokuwa ifanye gunia 80 kwa siku imelala siku tatu. Kwa shilingi 40 zetu za kila kilo, ni 960,000 zilizohama. Karibu gharama ya meneja kwa mwezi. Anayehitajika hapo ni fundi mzuri aliyefungwa kwa mkataba wa msimu, na sanduku lenye mkanda, beringi na rola za akiba. Sanduku halihitaji NSSF.

Vilevile mwenye duka la vifaa vya ujenzi anayelia kwamba hesabu hazifungi anaweza kuhitaji mhasibu wa siku mbili kwa mwezi. Hapa mjini kuna hazina ambayo hatuitumii: wastaafu. Watumishi wa umma wanastaafu wakiwa na miaka 60, wengine 55 kwa hiari, na baadhi walikuwa wahasibu wa halmashauri, maofisa ushirika, wakaguzi, watu wa benki. Wana nyumba zao hapahapa na hawakuombi posho ya kuhamia. Mzee wa namna hiyo kwa siku tatu za wiki, kwa malipo mliyokubaliana kwa maandishi, anaweza kukupa nusu ya unachotaka kwa theluthi ya gharama. Udhaifu wake ni kwamba hatakimbia na mzigo stendi saa kumi na moja alfajiri, na usimtegemee kwa hilo. Vijana nao wapo: SUA ina Kampasi ya Mizengo Pinda hapa Katavi na VETA ipo Mpanda. Mhitimu si mwandamizi, lakini mhitimu mmoja chini ya mstaafu mmoja ni timu ambayo biashara nyingi za hapa zingeimudu.

Tuseme umepita kote huko na bado jibu ni meneja. Sasa fanya jaribio, na kwa maoni yangu jaribio hili lina uzito kuliko ushauri mwingine wote niliotoa. Mlipe mtu ambaye hayupo.

Fungua akaunti ya pembeni. Kuanzia Novemba, kila tarehe 28, weka humo gharama yake kamili: ile milioni moja, si 660,000 za mkononi. Novemba, Desemba, Januari yenye ada, Februari, Machi, Aprili. Usiiguse kwa msiba wala kwa mzigo wa bei poa. Kama ikifika mwisho wa Aprili zimo milioni 6, na biashara imenunua mzigo wake, imelipa watu wake na wewe umechukua mshahara wako, umeshajua jibu. Tena una akiba ya kumlipa miezi sita hata asipoingiza kitu. Kama Januari ulirudisha mkono kwenye akaunti, nalo ni jibu, na limekugharimu aibu ya faragha tu badala ya kesi. Na kama umetimiza kwa kukopa mikopo ya kausha damu, usijidanganye kwamba umefaulu.

Watu watasema jaribio hili linafunga mtaji ambao ungezunguka. Kweli, linaufunga. Mshahara nao utaufunga vilevile, kila mwezi, bila kukuuliza. Tofauti ni kwamba fedha iliyo kwenye akaunti bado ni yako.

Kuna wanaotaka kukwepa Februari kwa kumlipa meneja kwa kamisheni peke yake. Mtu mzoefu mwenye familia hatakubali, na anayekubali haraka nina shaka naye. Mchanganyiko ndio unaofaa: mshahara wa wastani unaolipika hata mvuani, na sehemu ya ziada inayotoka baada ya msimu, Oktoba, ikitegemea kilichobaki baada ya gharama zote. Isitegemee mauzo. Meneja anayelipwa kwa mauzo atakopesha mji mzima. Kwa mshahara wa 600,000, mathalani, wewe unatoa 663,000 na NSSF na WCF, naye anapata 516,000, kisha anasubiri Oktoba. Ziada hiyo pia inakatwa kodi, mwambie mapema.

Fedha ni nusu ya kumudu. Nusu nyingine ni kuachia, na hapa wengi wenye akiba ya kutosha wanakwama.

Kikundi cha watafiti, Nicholas Bloom akiwa mmoja wao, walichapisha mwaka 2013 matokeo ya jaribio katika viwanda vya nguo karibu na Mumbai, India. Baadhi ya viwanda vilipewa washauri wa menejimenti bure: kuandika ubovu wa mashine, kupanga stoo, kufuatilia uzalishaji kila siku. Tija ikapanda kwa asilimia 17 katika mwaka wa kwanza. Lakini kinachotuhusu sisi ni jambo jingine walilolikuta. Kilichoeleza ukubwa wa kampuni hizo, kuliko ubora wa uendeshaji wake, kilikuwa idadi ya wanaume katika familia ya mwenye kampuni. Mwenye ndugu wengi alifungua viwanda vingi, kwa sababu hakumwamini asiye ndugu kushika funguo. Ndugu wakiisha, biashara inakoma kukua.

Soma hayo ukiwa Ilembo na hutaona India. Mtoto wa kaka anashika pesa, shemeji anashika stoo, na tukimaliza ndugu tunasema soko ni dogo. Simlaumu mtu. Aliyewahi kuibiwa haambiwi ajifunze kuamini. Ila imani isiyo na utaratibu inawaangusha hata ndugu, na utaratibu ukiwepo mgeni anaaminika. Anayepokea fedha asiwe anayeandika. Wateja walipe kwa Lipa Namba, fedha iache alama ilikopita. Stoo ihesabiwe kila Jumatatu na watu wawili, mmoja asiwe wa stoo. Benki iwe na sahihi mbili. Mali kauli iwe na kikomo kilichoandikwa. Vitu hivi vinagharimu kidogo kuliko meneja na vinatakiwa vianze kabla yake, kwa sababu mgeni anayekuta milango wazi halafu ikafungwa baada yake anajua kwamba imefungwa kwa ajili yake.

Sasa mwone mama mmoja mwenye mashine na ghala, mfano wa kubuni lakini wenye sura nyingi hapa mjini. Amemwajiri meneja, amempa sheria kwamba hakuna mkopo zaidi ya gunia 5. Mteja wa zamani anakuja kutaka 20, anakataliwa kwa heshima. Jioni mteja anapiga hodi nyumbani kwa mama, Makanyagio.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu, karibu. Za nyumbani?"

"Nzuri mama. Ila huyo kijana wako mpya hatujui kabisa. Mimi wa kuninyima mimi?"

Mama anacheka, anaomba karatasi, anaandika: mpe 20. Kesho yake meneja anaipokea ile karatasi mbele ya wapakiaji. Kuanzia hapo hakuna atakayemsikiliza, na mama ataendelea kulipa milioni moja kwa mwezi kwa ajili ya mtu wa kutekeleza vikaratasi. Kama unajijua huwezi kumjibu mteja yule, "Mwanangu, rudi kwa meneja, mimi nimemwachia," basi wewe huwezi kumudu meneja hata ukiwa na milioni 100 benki. Ajiri karani mzuri, uendelee kukaa mlangoni. Hakuna aibu.

Waliopo nao wana macho. Mwendesha mashine wako ana miaka 9, anapata 250,000, anajua sauti ya kila beringi. Leo anatambulishwa bosi wa laki nane asiyejua tofauti ya mpunga uliokauka na uliolowa. Kabla ya kutafuta nje, jiulize kama huyo, au yule dada wa kaunta anayeongoza kila kitu ukisafiri, hafai kupandishwa kwa 400,000 na kupelekwa kozi ya wiki chache. SIDO hutoa mafunzo ya namna hiyo kwa wajasiriamali. Ukiamua kuleta wa nje, waambie waliopo kabla hajafika, waambie atafanya nini na wao watapata nini, na kama mishahara yao ina nafasi ya kupanda, ipande mwezi huohuo.

Tarajia pia kwamba miezi ya mwanzo kazi yako itaongezeka. Mchumi Edith Penrose aliliandika hilo mwaka 1959 katika kitabu chake juu ya kukua kwa kampuni: meneja mpya anahitaji muda wa wale wa zamani ili awe na faida, na muda huo ndio unaoweka kikomo cha kasi ya kukua. Akifika wakati wewe unasafiri Dar es Salaam kila wiki, atajifunza biashara kutoka kwa watu wanaotaka ashindwe.

Kwenye mkataba, andika. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inataka mfanyakazi apewe maelezo ya ajira yake kwa maandishi: kazi, mahali, saa, malipo. Kwa wataalamu na watu wa menejimenti inaruhusu mkataba wa muda maalumu, na kanuni za mwaka 2017 zinataka usipungue miezi 12. Ukiuvunja katikati bila sababu ya msingi unaweza kudaiwa mishahara ya miezi iliyobaki, kwa hiyo usiandike miaka mitatu kwa furaha ya Agosti. Weka kipindi cha majaribio ndani yake, na uandike kitakachopimwa: saa za mashine kusimama, madeni yaliyopita siku 60, fedha iliyobaki kila mwezi. Anayelipwa kwa mwezi anastahili notisi ya siku 28, au siku 7 kama yuko ndani ya mwezi wa kwanza. Akimaliza mwaka, kiinua mgongo ni angalau mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka aliotimiza, mpaka miaka 10. Akiona ameonewa, ana siku 30 za kufika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, na mwajiri asiye na karatasi huko huwa na maneno mengi na ushahidi kidogo.

Kama umemwajiri kutoka Mbeya au Dar es Salaam, kuna kifungu kinachowaumiza waajiri wa mikoa kama wetu. Ajira ikikoma mahali tofauti na alikoajiriwa, unawajibika kumrudisha yeye na mizigo yake alikoajiriwa, au kumlipa gharama hiyo, na akikaa akisubiri usafiri anastahili posho ya kujikimu ya kila siku. Nauli ya basi, au ya treni yetu ya Kaliua iliyoletwa huku kufuata madini ya risasi, ni ndogo. Kitanda, friji na sofa ndivyo vinavyokodi lori. Tenga fedha hiyo siku ya kwanza, na ukiachana naye ilipe siku hiyohiyo, maana posho ya kusubiri haijui kama wewe uko Februari.

Kuhusu usaili sina mengi. Mweke siku mbili kwenye mashine kwa malipo, kisha mwombe akuambie alichokiona. Piga simu kwa waajiri wake wawili waliopita, uulize aliondokaje.

Muda wa kuanza ndio wa kupanga kwa makini. Tafuta mtu Machi, wakati wenye biashara wengi wamelala na wazuri wanapatikana. Mkubaliane Aprili, ukiwa na milioni 6 zako kwenye akaunti ya pembeni. Aanze tarehe 1 Mei, aone mzigo wa kwanza ukiingia, ale vumbi la Julai na Agosti, afunge hesabu za miezi hiyo. Kanuni za kuachishwa kazi isivyo halali hazimbani mwajiri kwa mfanyakazi ambaye hajatimiza miezi 6, na miezi yake 6 inaisha tarehe 31 Oktoba. Ukitoa siku 28 za notisi, barua ya kumthibitisha au ya kuachana naye inatakiwa iwe imeandikwa na kusainiwa kabla ya Septemba kwisha. Ukiona inaelekea kuwa ya kuachana, mwambie Julai, si siku ya barua. Ikiwa ni ya kumthibitisha, mpe na nakala ya hesabu za Februari iliyopita, ajue anaingia mvua gani.